Ulimi wa Kinyozi

Kinyozi huyu, tuseme ukweli mapema, hakuwa mwongo. Mwongo ni mtu anayepanga. Yeye maneno matamu yalimtoka tu, kama jasho. Ukikaa kwenye kiti chake na kichwa chenye matuta, ukainuka na matuta yale yale sasa yako wazi, atakushikia kioo nyuma ya kisogo na kukwambia, "Hapo sasa! Umependeza." Kila kichwa kilipendeza. Kuna bwana harusi mmoja alimkata nusu ya nyusi kwa bahati mbaya, naye akaambiwa amependeza, akaondoka anachekelea mpaka alipofika kwa mama yake. Miaka yote hiyo tabia hii haikumdhuru mtu. Ilikuja kumdhuru mkewe, Jumapili moja alasiri, jikoni kwake mwenyewe, mbele ya sahani ya uyoga.

Mkewe watu walimwita Mama Uyoga. Alikuwa na dirisha lake kwenye kantini ya kiwanda cha viatu, akiuza taco za uyoga wa kuchoma na salsa ya kijani. Chakula hicho alifundishwa na mpishi mgeni aliyefanya naye kazi hotelini zamani. Mwanzoni wafanyakazi waliangua kicheko kila walipolisikia jina la taco, na fundi wa mabango alipothubutu kuliandika kwa herufi K, Mama Uyoga alimtoa mbio na mwiko mkononi. Lakini waliocheka ndio waliorudi. Vichapati vidogo vya unga wa mahindi, uyoga uliobabuka pembeni kwa moto wa mkaa, halafu salsa yenyewe: nyanya za kijani zisizoiva, pilipili, kitunguu, giligilani, ndimu. Hakupima kitu. Alidondosha tone kwenye mgongo wa mkono, akalamba, akafumba macho, kisha akaongeza kilichopungua. Chumvi aliitia mwisho, na ole wake mtu mwingine aiguse.

Kisha ikaja homa. Ilimlaza kitandani, ikamkondesha, ikaondoka zake, na ilipoondoka ikaenda na ladha na harufu. Ndimu ikawa maji. Giligilani ikawa majani tu. Pilipili iliendelea kumchoma, lakini kuchoma kutupu, kama kaa la moto, bila utamu nyuma yake. Daktari alimwangalia ulimi, akamwangalia pua, akasema wapo wanaorudiwa na wapo wasiorudiwa, tusubiri. Tusubiri! Kana kwamba na yeye daktari alikuwa amekaa kwenye foleni hiyo.

Msimamizi wa kantini alikuwa mtu mwema, amelitunza lile dirisha likiwa limefungwa kwa muda ambao mwingine asingelitunza. Lakini wiki hiyo alipiga simu, sauti imejaa aibu. Kuna mtu wa chipsi analitaka, na wakubwa kiwandani wameanza kuuliza. "Mama, nipe jibu Jumapili kabla jua halijazama. Jumatatu dirisha lazima lifunguke, ama kwako ama kwake."

Mikono alikuwa nayo. Moto aliujua. Alichokosa ni mtu wa kumwonjea, na hapo ndipo palipokuwa na shida, kwa sababu tangu augue kila mtu alikuwa anamhurumia. Siku moja alimpikia mdogo wake maharage. Mdogo mtu akala, akasifu, "Dada, mikono yako ile ile!" halafu akamaliza jagi zima la maji. Mama Uyoga akamuuliza kama chumvi imezidi. "Aka! Chumvi gani? Kiu tu, dada, na jua hili." Nje mvua ilikuwa inanyesha ya kupasua mabati. Mama Uyoga alimtazama, akatazama dirishani, akaenda kulijaza jagi tena.

Basi asubuhi ya Jumapili hiyo alimweka mumewe chini. "Sikiliza, mume wangu. Mimi sihitaji mtu wa kunipa pole, pole ninazo za kugawa. Nataka ulimi mmoja tu humu ndani. Kila asubuhi utaonja kabla hujaenda saluni kwako, uniambie. Ikiwa chachu, sema chachu. Ikiwa mbaya kama dawa ya kunguni, sema hivyo hivyo. Ukiweza hilo, nampigia msimamizi jioni namwambia kesho nafungua. Ukinipaka mafuta kwa mgongo wa chupa, umenimaliza."

"Mimi tena? Mke wangu, haki ya Mungu, nitasema kila kitu."

"Utaweza?"

"Nitaweza." Na hapo hakuwa anamridhisha mtu. Aliamini kabisa kwamba ataweza, maskini.

Alasiri wakaingia jikoni. Mama Uyoga alikuwa amevaa aproni yake ya kantini, ameipiga pasi mpaka mikunjo inasimama, na kofia yake nyeupe kichwani. Kinyozi alipomwona hivyo akafuta macho, akasingizia moshi. Akapewa kipepeo, akakaa kwenye kigoda mbele ya jiko, akapepea.

Uyoga hakuuosha, aliufuta mmoja mmoja kwa kitambaa kibichi, maana uyoga ukiuosha unakunywa maji halafu unachemka badala ya kuchomeka. Akaupaka mafuta na kitunguu saumu kilichopondwa, akaupanga kwenye wavu. Pembeni akaweka nyanya za kijani na pilipili, zibabuke ngozi.

"Unanukia?" akauliza.

Kinyozi akavuta pumzi. "Kitunguu saumu kinanukia. Uyoga bado."

"Sasa je?"

"Sasa ndiyo. Kama nyama, kwa mbali."

"Nyanya?"

"Hii ya huku imeungua sana, mke wangu. Kusema kweli imekuwa mkaa."

Mama Uyoga akacheka, kicheko ambacho nyumba ile ilikuwa imekisahau, akaitoa ile nyanya kwa koleo na kuitupa. "Unaona? Kumbe unaweza!" Kinyozi akavimba kichwa. Akapepea kwa nguvu mpaka cheche zikamrukia suruali. Furaha ilimjaa, jamani, furaha ya mtu mzima aliyesifiwa.

Mke akaponda nyanya kwenye kinu pamoja na pilipili, kitunguu na giligilani, akakamulia ndimu. Kisha, kwa mazoea tu, akadondosha tone kwenye mgongo wa mkono, akalamba, akafumba macho. Alikaa hivyo. Kinyozi akaacha kupepea. Alipoyafumbua macho hakukuwa na kitu ndani yake, alikuwa kama mtu aliyebisha hodi kwenye nyumba iliyohamwa. Akafuta mkono kwenye aproni, akachukua kichapati, akapanga uyoga, akamwagia salsa na kumpa mumewe.

"Onja."

Kinyozi akang'ata, akatafuna.

Uyoga ulikuwa laini ndani na mkavu pembeni, kama zamani. Ndimu ilikuwepo, pilipili ilikuwepo. Lakini kila kitu kilikuwa kimesimama mbali mbali, hakuna kinachomsalimia mwenzake. Akatafuna tena akitafuta, na ghafla akajua. Hakuna chumvi. Haikupungua, haikuwepo kabisa, si kwenye uyoga wala kwenye salsa. Akainua macho kwenye rafu, akaliona kopo la chumvi limekaa na mfuniko wake.

Amesahau, akawaza. Mama Uyoga amesahau chumvi! Yule ambaye haruhusu mtu aiguse, leo imempita kama haijawahi kuwepo duniani. Sasa mimi ndiye wa kumwambia?

Haina chumvi. Maneno mawili. Aliyapanga mdomoni, yakakaa tayari. Kisha akakosea, akamtazama. Mke alikuwa amesimama na aproni yake ya pasi, mikono ameifumbata kifuani, ameinamisha kichwa kidogo, anasubiri. Na kinyozi alikuwa ameiona sura hiyo maisha yake yote. Ndiyo sura wanayokuwa nayo watu kiti kikishazungushwa, kabla hawajajiona kwenye kioo. Hakuna hata siku moja aliyowahi kuijibu sura hiyo kwa neno lingine. Akajiambia haraka haraka: chumvi ni kitu gani bwana, kesho nitaitia mwenyewe kabla hajaamka vizuri, hatajua. Mdomo ulikuwa umeshamtangulia.

"Hapo sasa!" akasema. "Imekolea. Kila kitu mahali pake."

Mke hakutikisika. "Chumvi je?"

Mlango wa kusema kweli ulikuwa bado wazi, na angeweza kutoka hapo hapo. Hakutoka.

"Chumvi imekaa vizuri kabisa." Na ili aamini zaidi, akalamba vidole.

Mama Uyoga akavua kofia. Akaikunja mara moja, akaiweka mezani, akaanza kufungua kamba za aproni taratibu.

"Sijatia chumvi," akasema.

Kinyozi alibaki na kipande mkononi, salsa inamtiririka kwenye kifundo.

"Sijasahau. Nimeiacha makusudi. Nilisema nikipata mtu mmoja wa kuniambia hili, mengine yote nitayaweza."

"Niliona!" Kinyozi aliruka mpaka kigoda kikaanguka. "Toka nilipong'ata nilijua haina chumvi! Naapa! Nikasema umesahau, nikasema nikikwambia utavunjika moyo..."

"Najua ulijua, mume wangu."

"Kwa hiyo ulimi wangu mzima! Unafanya kazi!"

"Ulimi wako mzima. Sasa utanisaidia nini?"

Hakufoka. Angefoka ingekuwa nafuu, maana kinyozi alijua namna ya kumtuliza mtu anayefoka. Alisema kwa sauti ya mtu aliyechoka, akakunja aproni kwa kufuata ile ile mikunjo ya pasi, akaenda kuchukua simu juu ya kabati.

"Ngoja! Usipige. Ngoja kwanza, nakuomba." Kinyozi akalivuta kopo kutoka kwenye rafu, mfuniko ukaruka ukajiviringisha chini ya meza. Akachota chumvi kwa vidole, akaitia kwenye kinu, akakoroga kwa kijiko, akaonja. Bado. Akaongeza, akaonja. Akanyunyizia na uyoga kidogo. Jasho linamtoka. Akakunja kichapati kingine, akang'ata.

Na hapo, ndugu yangu, ikaja. Ile ladha ya dirishani, yote, bila kupungua. Ukali wa nyanya, moshi wa uyoga na ndimu vikashikana, kikawa kitu kimoja, kile kile kilichokuwa kinawapanga wafanyakazi foleni mpaka kwenye geti. Homa haikuichukua mikono ya mkewe hata kidole. Alikuwa amechoma na kuponda kwa upofu, na haikuwahi kuwa tamu hivi. Machozi yalimlenga kinyozi. Alitaka kutoka nje apige kelele.

"Sasa!" akasema, mdomo umejaa. "Sasa kweli! Mke wangu, hii ndiyo yenyewe. Nakuapia, hii ni tamu kuliko zote ulizowahi kupika. Hapo sasa! Hapo!"

Akajisikia mwenyewe alivyosema. Sauti ile ile. Maneno yale yale. Akatafuta mengine, hakupata. Hakuwa na mengine. Aliyatumia yote kwa vichwa vya watu.

Akamnyooshea kichapati, kana kwamba kuna kitu angeweza kufanya nacho. Mama Uyoga alikipokea kwa adabu, akang'ata kidogo, akatafuna, akameza. Akasubiri kidogo. Kisha akakiweka sahanini.

"Haloo, msimamizi," akasema kwenye simu. "Ndiyo, ni mimi. Mpe huyo wa chipsi. Hapana, siumwi. Nashukuru sana kwa subira yako."

Akaikata simu. Mkaa ulikuwa unaisha, hakuna aliyeupepea. Kinyozi alikuwa bado amesimama pale pale, mikono imejaa chumvi na giligilani.

"Ni tamu," akasema polepole. "Safari hii ni kweli. Niamini."

Mama Uyoga akamtazama kwa upole, akamfuta shavu lililopakaa salsa, akamjibu kama wanavyomjibu wateja wake wote wa saluni anapowashikia kioo nyuma ya kisogo.

"Asante," akasema.