Wawili Kwenye Tezi

Meli yetu iliitwa Ambrose Stenhouse, jina la mkubwa mmoja wa kampuni ambaye sidhani kama aliwahi kulala ndani yake hata mara moja. Ilikuwa imezeeka kuliko nahodha wake. Tangu barafu ivunjike hadi irudi tena, kazi ilikuwa ile ile: kupakia punje za madini ya chuma Duluth, kaskazini mwa Marekani, kulikata Ziwa Superior, kupita kwenye malango ya maji pale Soo yanayoshusha meli kutoka ziwani hadi mtoni, kushusha mzigo kwenye viwanda vya Ohio, kisha kupanda tena na makaa ya mawe. Vumbi jekundu lilipenya hadi kwenye unga wangu. Mimi nilikuwa mpishi, Kazimierz Wojtan, ila ukiniita hivyo melini hakuna aliyegeuka. Niliitwa Kaz.

Usukani ulikuwa mbele kabisa, omoni. Jiko langu lilikuwa nyuma, tezini. Katikati palikuwa na sitaha ndefu ya mifuniko ya shehena, na aliyetaka kula ilimbidi aivuke. Novemba moja, wakati wa dhoruba, Veikko Haapala alikuwa anakuja kula mchana. Wimbi likapanda upande mmoja na kushukia upande wa pili, na Veikko hakuwepo tena. Kaka yake, Reino, ndiye aliyekuwa zamu ya usukani. Tulizunguka pale hadi mikono ikafa ganzi. Hatukupata hata kofia.

Mama yao, Hilja, alikaa ukingoni mwa Mto St. Marys, pale mto ulipochongwa katikati ya mwamba na meli hupita karibu na nyumba kiasi cha kunusa kahawa ya watu. Kabla ya dhoruba ile, kila tuliposhuka na mzigo, nahodha alipiga honi, milio mirefu mitatu na mifupi miwili, na ndugu hao wawili walisimama tezini wakipunga vitambaa vya jikoni kwangu. Mama akatoka kibarazani na kupunga aproni.

Aliambiwa kuhusu Veikko. Akalia, akakaa kanisani kwenye ibada ya kumwombea. Lakini kumbukumbu zake zilikuwa zimeanza kumponyoka, na majira ya kuchipua alipompigia Reino simu bandarini aliuliza, "Mbona ulikuwa peke yako? Veikko anaumwa?" Reino akamwambia upya. Akalia upya, kama siku ile ya kwanza. Safari iliyofuata, swali lile lile, kilio kile kile.

Basi Reino akaja jikoni na koti la Veikko, la sufu, la mirabaraba myekundu.

"Mpishi, wewe na yeye mmelingana urefu."

"Reino, acha bwana."

"Sitamzika mdogo wangu kila wiki, Kaz. Siwezi. Vaa, simama, punga. Basi."

Nikavaa. Koti lilinibana tumboni, na mabaharia wakanitania: "Veikko huyu amekula keki nyingi huko alikoenda!" Walicheka, kisha mmoja mmoja akarudi kazini. Nilipunga kitambaa. Kule kibarazani yule mama akaruka kama msichana. Tukaendelea hivyo kiangazi chote.

Vuli ilipofika, siku moja meli iliyumba tukiwa bado ziwani na sufuria ya supu ikanimwagikia mkononi. Tulipoingia mtoni nilikuwa kitandani, mkono umefungwa bendeji, koti likining'inia mlangoni. Nilisikia honi. Nikajisemea, leo mama atauliza.

Tulipofunga gati Ohio, Reino alikwenda kupiga simu. Aliporudi alisimama mlangoni mwa jiko langu, uso mweupe kama samaki aliyechunwa.

"Ulitoka?"

"Nitoke na mkono huu?"

"Kaz, usinichezee."

"Muulize yeyote. Kwani kuna nini?"

Akaketi kwenye gunia la viazi. "Mama amefurahi. Anasema leo ametuona vizuri, wawili. Ila ananigombeza. Eti nimwambie Veikko avae koti, alikuwa amelowa chapachapa. Na anauliza kwa nini hapungi. Anasema alisimama tu akimtazama."

Nahodha Oleksy alipopata habari alimshika bega. "Ni mzee, Reino. Akili yake inachanganya mambo."

"Mama anajua kusahau," Reino alijibu. "Kubuni hajui."

Sikulivaa tena lile koti. Reino akapunga peke yake, na kila safari mama akawaona wawili. Hakuna aliyetoa amri, lakini tulipokaribia mwamba ule mabaharia waliondoka wenyewe tezini, na Reino alisimama akiacha nafasi upande wake wa kushoto, ya kumtosha mtu. Mimi nilitazama kupitia dirisha la jiko. Sikuona kitu. Ila sehemu ile ya sitaha haikukauka, hata siku za jua.

Krismasi, meli ikiwa imelala bandarini, Reino alinialika kwa mama yake. Wafini kama wao huoga sauna jioni ya mkesha, kwenye kijumba cha magogo cha kuogea mvuke nje ya nyumba, na walio hai wakimaliza huiacha na moto kwa ajili ya waliotangulia. Tulioga, tukarudi ndani tukiwa wekundu. Mama Hilja akachukua taulo safi na fagio la majani ya mti wa mbetula la kujichapia mwili, akavipeleka mwenyewe sauna, akarudi akaketi nasi mezani.

"Nimemwambia aingie," alisema. "Anatetemeka yule mtoto, amekaa kwenye baridi muda mrefu."

Reino alitazama sahani. Tulikuwa watatu tu mezani, na theluji ya nje haikuwa na nyayo ila zetu. Ndipo tukasikia, kutoka kwenye kile kijumba cha magogo, maji yakimwagwa juu ya mawe ya moto: *shaaa*. Kimya. Halafu tena, *shaaa*, ndefu zaidi.

Mama akatabasamu. "Anamwaga mengi mno. Alikuwa hivyo tangu mdogo."

*Alikuwa*. Mwaka ule wote hakuwahi kumsema hivyo, kama mtu aliyekwisha kwenda. Mimi na Reino tukatazamana. Mama mwenyewe alitulia, mikono juu ya meza, akimtazama mwanawe kwa macho maangavu ambayo sikuwahi kuyaona kwake.

"Niambie ilivyokuwa, Reino," alisema. "Safari hii nitakumbuka."

Reino akasogeza kiti chake karibu naye, akamwambia yote: dhoruba, mchana ule, wimbi. Alilia Reino, mama hakulia. Alimshika shingoni kama anavyoshikwa mtoto mwenye homa, akamwacha aseme mpaka akaishiwa maneno. Kisha akaniomba nimsogezee samaki, akisema chakula kinapoa.