Herufi Kumi na Sita

Mimi, Mheshimiwa, mwenye seva, hakimu wa kwanza na wa mwisho, nilikuwa na mamlaka kamili juu ya watu watatu na kuku wasiohesabika. Si haba. Wapo wafalme walioanza na wachache zaidi.

Seva yenyewe ilikuwa kompyuta ya mezani iliyostaafishwa ofisini kwa mama, haina ubavu mmoja, na feni yake ilikohoa usiku na mchana. Niliiweka stoo juu ya ndoo mbili zilizopinduliwa, kati ya meza ya pasi na gunia la mkaa. Mdogo wangu alikausha soksi zake juu yake kwa sababu ilitoa joto. Ndani ya mashine hiyo, chini ya soksi hizo, ilikaa dunia nzima: milima, mto, kanisa, mahakama, na shimo moja ambalo kila raia alishawahi kutumbukia. Ni mchezo wa kujenga kwa matofali. Mmoja anaiweka dunia kwenye mashine yake, wenzake wanaingia kwa mtandao kutoka makwao. Hatukuwa na neno la siri. Unaandika anwani ya seva, unaandika jina lolote lisilozidi herufi kumi na sita, unabisha hodi.

Anwani hiyo tuliijua kuliko sala ya asubuhi. Shuleni kwetu tunalala bweni na simu ni haramu, kwa hiyo namba za simu tulipeana likizo tu, zikakaa humo humo kwenye simu; hakuna aliyezijua kwa kichwa. Lakini anwani ya seva ilichongwa kwa bikari chini ya meza ya tatu bwaloni, na tuliisoma kwa vidole huku tukila maharage.

Raia wangu walikuwa hawa. Mchungaji, aliyesali kabla ya kila vita na kuua bila huruma baada ya amina. Bonge, mwembamba kama uzi. Na Kijiko. Kidato cha kwanza vijiko viliibwa mno, naye akaanza kukificha chake ndani ya soksi. Alilala nacho, alicheza nacho mpira, na jina likamganda. Wazazi wake walishafariki; alilelewa na dada yake, fundi cherehani, mitaa mitatu kutoka kwetu. Likizo ile ndefu mjomba wake, fundi wa simu na kompyuta kwenye mji ulio mbali safari ya siku nzima na nusu, aliomba apelekewe kijana wa kumsaidia dukani. Dada alishukuru. Mtoto atajifunza kazi, alisema, badala ya kuzurura na hao wenzake. Hao wenzake ni sisi.

Wiki ya kwanza Kijiko aliingia kila siku kwa kompyuta za wateja, mjomba akitoka tu. Kisha akatenda kosa. Mchungaji aliamka akakuta kanisa lake, alilolijenga muhula mzima, limejaa kuku mia nne hadi madhabahuni.

Kesi ilisikilizwa Jumamosi mchana, mle mle mchezoni. Mama yangu ni karani wa mahakama. Nimekua nikila wali huku hukumu zikisahihishwa pembeni ya sahani yangu, kwa hiyo lugha ninayo. Nilivaa joho la sufu nyeusi. Mshtakiwa alisimamishwa ndani ya kizimba cha kioo. Nilipogonga nyundo tu, akaandika: "Kabla hamjaanza nina jambo. Si utani."

Sasa msomaji ajue kwamba Kijiko alisema si utani kama wengine wanavyosema habari za leo. Muhula wa pili alimwambia matroni, si utani, nimemeza kijiko. Wakampakia kwenye pikapu ya shule, wakafika hadi geti la hospitali, ndipo akakichomoa kwenye soksi. Kwa kuzingatia historia hiyo, mahakama ilitoa amri ambayo mwenye seva pekee anayo: ya kumfunga mchezaji mdomo, asiweze kuandika neno. Tukaendelea. Mshtakiwa alirukaruka kizimbani muda wote. Tulidhani anacheza ngoma. Bonge alicheka mpaka akapaliwa na chai.

Adhabu ikawa siku arobaini nje ya dunia. Na kwa kuwa huko nyuma, kila nilipofungia jina lake, alirudi na jingine, safari hii sikufungia jina. Nilifungia laini nzima ya mtandao ya duka la mjomba. Aje na jina lolote, geti litamkatalia.

Kuna kitu nataka kieleweke. Seva huandika kila anayebisha: saa, jina alilotaja, na jibu alilopewa. Sisi tuliliita daftari la getini. Siku ya tatu nililichungulia, nikaona amejiita si_utani. Nililipiga picha nikawatumia wenzangu: mfungwa anaomba msamaha. Mchungaji alijibu kwa sura kumi na moja za kicheko. Baada ya hapo sikulifungua tena daftari, ili kulinda heshima ya mahakama.

Siku ya thelathini na tisa tuliandaa mapokezi. Mlangoni mwa dunia tulichimba shimo, tukalijaza moto, tukatandika zulia jekundu juu yake. Bonge aliandika bango: KARIBU URAIANI. Siku ya arobaini, saa nane mchana, niliifungua laini ya mjomba, na sisi watatu tukasimama kulizunguka zulia kama mawaziri uwanja wa ndege.

Saa tisa hakuna mtu. Saa kumi Bonge akasema labda amenuna. Mchungaji akasema Kijiko hajawahi kununa zaidi ya mlo mmoja. Ilipofika saa kumi na moja nilikwenda kulisoma daftari la getini, nikihofia kwamba sikufungua sawasawa.

Siku ya kwanza alibisha kwa jina lake mara tisa. Kisha Kijiko2, kisha Mfungwa, kisha Mheshimiwa_Bata. Nilicheka, nakiri. Siku ya tatu, si_utani, lile nililolijua. Siku ya nne: mjomba_ana_simu. Siku ya sita: sirudi_shule, na baada ya dakika moja, kaandika_barua. Siku ya tisa: naenda_machimbo. kuchimba_dhahabu. Siku ya kumi alibisha kuanzia saa nne hadi saa tano kasoro: mwambieni_dada, mara kumi na nne. Halafu dada_hajui. Halafu alhamisi_asubuhi. Halafu lori_la_bluu.

Siku ya kumi na moja, Jumatano, jina moja tu: mpo.

Baada ya hapo daftari lilikuwa jeupe siku ishirini na nane.

Akaunti zake zote za mtandaoni zilitaka namba ya siri inayotumwa kwenye simu, na simu ilikuwa mfukoni mwa mjomba. Mlango pekee aliokuwa nao kichwani ni wetu. Nasi tulikuwa tumeufunga, kwa hiyo alikuwa akiandika juu ya mlango, herufi kumi na sita kwa kila hodi.

Niliyanakili majina yote kwenye daftari la hesabu, na mama aliporudi kutoka kazini nikampa. Aliyasoma amesimama, mkoba ungali begani.

"Umeyaona lini haya?"

Nikasema leo.

"Yote?"

Nikamwambia kuhusu lile moja. Nikamwambia pia kuhusu kesi, kwa maana hakuelewa kwa nini mtoto wa watu aongee kwa majina. Akauliza kama mshtakiwa alipewa nafasi ya kujieleza. Nikasema alikuwa amefungwa mdomo.

"Na nani?"

"Na mimi."

Mama amechapa hukumu kwa miaka kumi na tisa, na wakati ule sikuona kitu usoni pake ambacho ningeweza kukijibu. Alisema nivae viatu.

Dada yake Kijiko alikuwa mashineni. Pembeni zilining'inia mashati matatu meupe ya shule, mikono imekunjwa kwa ndani. Kabla hatujakaa akaniambia amemwachia inchi mbili za ziada, maana huyo mdogo wake anarefuka kwa makusudi ili amtie hasara. Mama akamwekea daftari juu ya kitambaa. Nilieleza mimi, mama alikataa kunisaidia hata neno moja.

"Sasa mlango umefungwa," dada alisema polepole, "yeye anabisha, mashine inamkatalia, lakini jina linabaki."

"Ndiyo, dada."

"Na wewe ndiye unayeyasoma."

"Ndiyo, dada."

Alichukua simu akampigia mjomba, akaweka sauti ya wote kusikia. Mjomba alikuwa mchangamfu sana. Kijana hajambo, katumwa dukani, anakula kama mchwa, atawasalimia. Dada alimwacha amalize.

"Mjomba," akasema, "lori la bluu."

Simu ikakatwa. Alipopiga tena haikupatikana.

Kituoni polisi aliandika maelezo vizuri, kwa mkono mzuri. Alipofika kwenye majina alilizungusha daftari langu huku na huku, akauliza kati ya hawa wote mlalamikaji ni yupi. Siku ya pili yake dada alifunga duka akaenda mwenyewe. Kule mjini alimkosa mjomba. Majirani walisema kijana alitoroka, ndivyo walivyoambiwa. Akaendelea hadi machimboni. Alituambia aliporudi, siku tisa baadaye, kwamba pale hakuna mji, kuna mashimo tu, na kila shimo lina paa la turubai na kamba inayoshuka, na ukiita jina la mtu wanatoka watu wenye rangi moja ya vumbi, huwezi kumjua hata ndugu yako mpaka aseme. Aliita jina la Kijiko la nyumbani kwenye mashimo zaidi ya sitini. Hakuna aliyelijua.

Mwisho mama mmoja anayewapikia wachimbaji akamwuliza kama anamtafuta yule mtoto anayekula kwa kijiko chake mwenyewe, anayekitoa kwenye soksi. Ndiyo. Yule mama akasema alikuwa mzima, alikohoa sana, aliwachekesha watu. Lakini kundi lao limehamishiwa machimbo mengine, mbali, huko ambako yule mama hakujua hata njia yake. Wameondoka lini? Siku sita zilizopita.

Nilihesabu kwa vidole nikiwa nimeificha mikono mgongoni. Ilikuwa siku ya thelathini na tisa. Tulikuwa tukitandika zulia.

Dada hakunitukana, ingawa nilikuwa nimejiandaa. Aliuliza kitu kimoja tu: kule machimboni alikuwa amefika karibuni kijana mwenye kompyuta, anachaji simu za watu na kuwauzia nyimbo; kama na huko walikohamia yupo wa aina hiyo, je, Kijiko anaweza kubisha tena? Nikasema anaweza, anwani anaijua.

"Basi ufungueni mlango wote."

Nilifuta kila katazo, la jina na la laini, hata yale niliyowawekea wavamizi wa zamani. Wenye seva wanajua maana yake. Ndani ya wiki wageni walitupata, watu tusiowajua na lugha nyingine tusizozijua. Walilichoma kanisa la Mchungaji, wakachinja kuku, wakaibomoa mahakama tofali kwa tofali. Mchungaji aliangalia na hakusali. Tulilifukia lile shimo la mlangoni, hilo tu.

Shule ilipofunguliwa mashine ilihamia dukani kwa dada, nami nikaielekeza anwani ile ile huko. Inakohoa chini ya meza yake ya kukatia. Nilimfundisha kusoma daftari la getini, na akaomba afundishwe kuingia pia. Hawezi kupigana, hawezi kujenga, anatembea kinyumenyume bila kukusudia. Amejiita dada_yupo, na mchezaji wake anasimama mlangoni siku nzima wakati yeye anashona. Wageni wanamuua. Anarudi anasimama pale pale.

Jumapili ya wazazi alikuja shuleni. Hakuwa na mtoto wa kumtembelea. Kitanda cha Kijiko, juu yangu, kina godoro lililokunjwa tangu siku ya kwanza, na mwalimu wa malezi ana ile barua ya mjomba ya kumwachisha shule kwenye faili, imeandikwa kwa adabu kubwa. Wazazi wengine walikuja na vikapu. Yeye alikuja na daftari. Alikaa nami kwenye benchi nyuma ya bwalo akalifungua, mistari imepigwa kwa rula ya kushonea, majina ya wiki nane yote yameandikwa kwa mkono wake.

Tulipitia moja moja. Aliweka kidole, mimi nikasema hapana, naye akalikata kwa mstari. Mengine yalikuwa matusi ya lugha za watu, akayasoma kwa sauti bila kujua, nami sikumwambia. Karibu na mwisho kidole kikasimama.

"Huyu wa juzi. Kichwa_Nazi. Ni yeye?"

"Hapana, dada. Huyo ni mtoto tu anatania."

"Umejuaje?"

Kutoka dirisha la bwalo zilisikika sahani zikipangwa kwenye meza.

"Nilimwuliza," dada akasema. "Niliandika kama ulivyonionyesha: mdogo wangu, ni wewe? Akanipiga sururu akaondoka." Akalipiga lile jina mstari mwembamba chini yake, si juu yake. "Akirudi nitamwuliza tena."