Gunia la Ishirini na Tatu

Ezironi, mlinzi wa lile daraja la mbao lililowekwa baada ya mafuriko, alikuwa na sheria zake kichwani. Aliizunguka pikapu ya dereva Yeseri, akahesabu magunia ya chumvi, akamnyooshea kidole Vasta, mama aliyekuja na mzigo huo.

"Gunia ishirini tu ndiyo inavuka. Hii tatu iteremushe, ibaki kwa mimi."

Mkavu wa macho, mtu huyo, Vasta akawaza. Ishirini yalikuwa amana ya wenzake, ayafikishe sokoni Bwera. Hayo matatu yalikuwa yake mwenyewe, ya kwanza kutoka kitalu chake cha chumvi ziwani Kabatoro. Akiyaacha hapa, miezi miwili ya kusimama ndani ya maji makali imekwenda bure. Hasira zikampanda.

"Afande, kibao ya daraja inasema nini?"

"Uzito isipite kilo elfu tatu."

"Sasa hiyo ishirini umetoa wapi?"

Ezironi akakigeukia kibao. Vasta akaokota kipande cha makaa. Watu walimcheka sana kule Kabatoro alipoanza masomo ya watu wazima, mama mzima na x zake. Sasa wangemwona. Akaandika ubavuni mwa gari: 1600 + 60x ≤ 3000.

"Gari na dereva ni elfu moja mia sita. Imejumlishwa, basi naitoa, huku na huku." Akaandika: 60x ≤ 1400. "Kila gunia kilo sitini. Imezidishwa, basi nagawanya, huku na huku. Inakuja ishirini na tatu na kidogo, na gunia mimi sikati. Ishirini na tatu inavuka. Hata moja sikuachii."

Ezironi akakuna kidevu, kisha akatabasamu. "Na wewe mama? Hujajiweka kwa hesabu."

Kweli, alikuwa amejisahau. Lakini kushindwa na huyu, hapana.

"Mimi niko na miguu," akasema, akaanza kutembea.

Hakufika mbali, akasikia mlango wa gari ukifungwa. Ezironi alikuwa ameshakaa kando ya dereva, apelekwe ng'ambo kula chakula cha mchana. Vasta akarudi, akaufungua mlango.

"Afande, gari na gunia yote ni elfu mbili mia tisa themanini. Imebaki kilo ishirini. Wewe iko kilo ishirini?"

Yeseri akainamia usukani, mabega yakimtikisika. Ezironi akashuka. Pikapu ikavuka na magunia yake yote, na hao wawili wakaifuata kwa miguu, Vasta mbele.