Joho Jekundu la Vettienus

Vettienus alikuwa amepiga kambi nje ya ukuta wa Roma tangu kiangazi kianze, akisubiri Baraza la Wazee limruhusu kuingia na gwaride lake la ushindi. Mji uko pale pale, moshi wa majiko yake anaunusa, lakini thubutu! Jemadari akivuka mpaka mtakatifu kabla ya ruhusa, cheo kimekwisha, na gwaride nalo limekwenda na maji.

Asubuhi hiyo akida wake Rubrenus alikuja mbio, jasho likimchuruzika.

"Mkuu, tumeliwa! Orchivius, yule adui yako wa Barazani, kawaita watu uwanjani wapige kura leo hii. Yale mashamba uliyowaahidi vijana, anataka wapewe rafiki zake."

"Leo? Si anajua siwezi kuingia?"

"Ndiyo maana kachagua leo, fisadi mkubwa yule!"

Vettienus alilitamani gwaride lile, tena sana. Baba yake alikufa akisubiri la kwake. Lakini hawa waliomfuata vitani miaka yote, wengine wamebaki na mkono mmoja, warudi nyumbani wakalime nini? Akafungua joho lake jekundu la ujemadari, akamtupia Rubrenus.

"Mkuu, usifanye hivyo! Vijana wameshatunga nyimbo za kukutukana njiani, kama desturi ya gwaride. Wamefanya mazoezi mpaka sauti zimewakauka."

"Wananitukana nini?"

"Masikio yako. Na kukoroma."

"Washenzi," akasema Vettienus. "Niletee vazi jeupe la raia."

Akavuka mpaka kwa miguu, bila tarumbeta wala mlinzi.

Uwanjani Orchivius alipomwona aliangua kicheko. "Jamani, huyu si jemadari wetu? Gwaride liko wapi, baba?"

"Jemadari hayupo," Vettienus akajibu, akipanda jukwaani. "Mimi ni raia, na nimekuja kusema."

Akasema mpaka jua likafika utosini, akiwataja waliokufa kwa majina yao, mmoja mmoja, mbele ya mama zao. Kura zilipopigwa, mashamba yakawa ya askari. Orchivius aliondoka bila kuaga.

Vettienus akashika njia ya nyumbani, amechoka hoi. Hajafika mbali akasikia vishindo nyuma yake. Askari wake walikuwa wameacha silaha kambini, kama sheria inavyotaka, wakaingia mjini kumfuata. Rubrenus alikuwa mbele yao, joho jekundu kalikunja kwapani.

Farasi weupe hawakuwapo, wala mateka. Wakaanza kuimba hivyo hivyo, wakianza na masikio.

Vettienus hakugeuka, maana alikuwa analia.

"Pazeni sauti!" akafoka. "Mnaimba au mnanong'ona?"