Ukuta wa Nyuma wa Kaburi la MacRae

Babu yake Marsali MacRae alipotajirika kwa biashara ya ng'ombe, alijenga kaburi la ukoo uwanjani mwa kanisa kabla hajaziba paa la nyumba yake. Mbele aliweka nguzo nne za mawe ya kuchonga, juu kuba, na mlango wa chuma ulioelekea kanisa. Upande wa nyuma, uliokuwa sehemu ya ukuta wa uwanja na ulioonwa na kondoo tu, aliokoteza mawe ya mtoni akayabandika kwa chokaa hafifu. Ng'ombe wakaisha, fedha ikaisha. Maiti wa MacRae wakawa wanalala pazuri kuliko walio hai.

Fearchar, baba yake Marsali, aliwachotea watu maji miaka arobaini kwa mguu mmoja mzima. Bondeni kila mtu alijua kwamba maiti aliyezikwa mwisho ndiye bawabu wa makaburini: hulinda lango na kuwachotea wenzake maji, mpaka aletwe mwingine ampokee zamu.

"Nimechoka na ndoo, mwanangu," Fearchar alisema, akakata roho.

Bahati ikamjia akiwa amekwisha kufa: mama yake Torkil Matheson naye alifariki siku ileile. Atakayetangulia kuingia, zamu yake ingeisha kabla haijaanza. Basi majeneza mawili yakafika langoni pamoja, na wabebaji wa pande zote mbili walikuwa wamekunywa wiski njia nzima.

Torkil alisimama katikati ya lango, akakohoa kikohozi chake cha siku zote. "Baba yenu alichelewa ibada maisha yake yote," alisema. "Mwacheni achelewe na leo, asije akashtuka."

Iver, kaka yake Marsali, alimjibu kwa kumpiga fimbo mdomoni, na meno mawili yakatangulia kuingia makaburini. Baada ya hapo hapakuwa na waombolezaji. Mmoja alipasuliwa sikio kwa koleo, mwingine akasagwa vidole chini ya jeneza la mama yake Torkil. Mchungaji aliteremka mtaroni, akaombea amani kutoka huko. Fearchar alibwagwa matopeni.

Marsali aliutazama ukuta, akakumbuka ubahili wa babu. Yeye na Una, mke wa Iver, wakalikokota jeneza kwenye majani mabichi hadi nyuma, na mtaimbo wa mchimba kaburi juu yake. Pigo la nne chokaa ikamwagika kama unga. La kumi, tundu likamtosha mzee. Wakamsukuma ndani, miguu kwanza.

Marsali alirudi langoni mbio. "Acheni. Baba yuko ndani."

"Kapita ukutani kama mwizi," Torkil alisema, akitema damu.

"Kafika, kaka. Mlete mama, ndoo inamngoja."

Watu wake mwenyewe Torkil walicheka. Iver peke yake hakucheka. Alikuwa amelala kwenye kizingiti, jiwe la lango limemwingia kisogoni, na Una, aliyemfuata Marsali, akapiga magoti akawa anamfuta tope usoni, anafuta tu.

Walimzika baada ya siku tatu, kupitia lango lilelile, bila mtu wa kumzuia. Akawa wa mwisho.

Masika yale bonde lote lilikuwa na afya ya kuudhi. Kila alfajiri Marsali alijaza ndoo ya baba yake, akaiacha langoni ili Iver aikute kazi imefanyika. Na kila Jumapili, kwa adabu zote, alimwuliza Torkil hali ya kikohozi chake.