Kucha za Meneja

Mbwa yule alipewa jina la Meneja, kwa sababu hakuna aliyeingia nyumbani bila kukaguliwa naye. Alikuwa mbwa wa baba wa nyumba ile, fundi magari; mke wake, mshonaji, alimvumilia tu. Lakini siku Meneja aliporukia cherehani na kucha zake zikachana gauni la bibi harusi, uvumilivu ulimwisha. Kila alipomwambia mumewe azikate zile kucha alijibiwa kesho, na kesho ya mafundi nani asiyeijua.

Akaamua kuzikata mwenyewe. Ili asijae manyoya, akavaa ovaroli ya mumewe iliyokuwa ikisubiri kufuliwa, inanuka grisi mtindo mmoja. Akachukua koleo la kukatia waya, akambana mbwa kati ya magoti. Kucha zilikuwa nyeusi tii, huoni nyama inapoanzia. Mbili za kwanza zilikatika vizuri, akavimba kichwa. Ya tatu akaikata hadi ndani. Meneja alilia, damu ikatapakaa sakafuni. Na badala ya kuacha, kwa hasira za lile gauni, akambana zaidi mpaka akaumaliza mguu ule.

Ndipo roho ilipomsuta. Akaivua ovaroli, akakandika unga kwenye ukucha hadi damu ikakata, akampa mbwa nyama yote ya mchana. Meneja akamlamba mkono, naye akadhani yameisha.

Jioni fundi akarudi amevaa ovaroli yake nyingine, harufu ileile ya grisi. Siku zote Meneja humpokea getini kwa vurugu. Leo alimnusa kwa mbali, akafyata mkia, akachechemea hadi chini ya meza ya cherehani. Fundi akachuchumaa kumbembeleza. Mbwa akajikojolea.

Mshonaji alielewa palepale. Alipoulizwa, akasema mbwa amekanyaga kigae.

Ikawa hivyo kila jioni. Fundi akaanza kuongea kwa sauti ya chini, akaacha kutaniana na watoto, akawa anatembea kwa kunyata ndani ya nyumba yake mwenyewe. Mkewe aliyaona yote, akatamani ardhi ipasuke immeze, lakini mdomo haukufunguka.

Jioni moja fundi akaketi kizingitini, hakuingia.

“Mama watoto, mbwa hamwogopi mtu bure. Baba yangu alikuwa mkali, niliapa nisiwe kama yeye. Niambie ukweli. Nawatisha humu ndani?”

“Si wewe,” mkewe alisema, machozi yakimtoka. “Ni mimi. Nilivaa ovaroli yako, nikamkata mpaka damu. Halafu nikanyamaza.”

 Fundi alifungua vifungo kimoja kimoja, akaitupa ovaroli uani, akabaki na fulana. Akamwita Meneja taratibu, mkono mbele.

Meneja akatoka chini ya meza. Akaunusa ule mkono, bado unanuka grisi, akaukwepa, akaenda kulaza kichwa kwenye miguu ya mshonaji.