Mwenye Bima ni Marehemu

Karani wa dirishani alikuwa hodari wa kuchapa lakini si hodari wa kuangalia watu usoni. Alipokea kadi ya bima ya jeshi, akaingiza namba, akangoja, akaingiza tena. Mama aliyempa kadi hiyo alisimama mbele ya kioo, wifi yake pembeni, lakini masikio yake yote yalikuwa nyuma, kwenye benchi, ambako binti yake wa kati alikuwa amejikunja, magoti yamegusa kifua. Nyumbani walimwita Chiriku, kwa jinsi alivyokuwa hafungi mdomo tangu alipojifunza kuufungua. Leo tangu asubuhi hakuwa amesema neno, na hilo lilimtisha mama yake kuliko homa yenyewe.

Daktari alikuwa ameshamaliza sehemu yake. Alimbonyeza mtoto tumbo upande wa kulia, akaachia ghafla, na yowe lililotoka hapo lilitosha kuwa jibu. Ni kidole tumbo, alisema, na kitolewe leo kabla hakijapasuka, maana kikipasuka uchafu wote utamwagikia tumboni na habari itakuwa nyingine kabisa. Chumba kiko tayari, mpasuaji yupo. Kilichobaki ni ruhusa ya bima.

Hospitali hiyo haikuwa ya jeshi. Zahanati ya kambini ilikuwa na vidonge, bandeji na daktari mmoja mcheshi, na jambo lolote linalohitaji kisu lilitumwa huku mjini. Kadi ikikubali, mlango unafunguka. Kadi ikikataa, mnalipa amana kwanza, na amana ya upasuaji si kitu ambacho mke wa askari anacho kwenye pindo la kanga.

"Mama," karani akasema, macho bado kwenye mashine, "hapa inaonyesha mwenye bima ni marehemu."

Yapo maneno ambayo mke wa askari huyasubiri miaka yote huku akijifanya hayasubiri. Yeye alijua jinsi yanavyokuja. Gari la kikosi linaingia kwenye njia ya kota polepole, tofauti na magari mengine, anashuka ofisa aliyeshika kofia mkononi, na pamoja naye kiongozi wa dini wa nyumba hiyo. Hakuwahi kufikiri yangempata dirishani, kutoka kwa mtu anayetafuna jojo. Akaushika ubao wa dirisha kwa mikono miwili, na kwa kitambo hicho kifupi alikuwa mjane kweli, mjane mwenye watoto watatu, na mmoja wao anakufa nyuma yake kwenye benchi.

Wifi yake alikaa chini palepale alipokuwa amesimama, sakafuni, bila kutazama kama pana maji au uchafu. Alikuwa dada mkubwa wa mume, mwanamke mzito wa mwili na wa maneno, ndiye aliyemlea yule askari tangu akiwa na meno ya maziwa. Hakulia. Alikuwa anafungua mdomo na kuufunga.

"Nani kasema amekufa?" mama akauliza.

Karani akasogeza ukurasa. Akasoma kwa ule uchovu wa watu wanaosomea wengine mambo kutwa nzima: taarifa imetolewa kwa simu, wakati wa uhakiki wa familia. Mtoa taarifa, mke.

Damu iliyokuwa imemkimbia usoni ikarudi yote kwa mkupuo. Alikumbuka. Laiti ardhi ingepasuka wakati huo, angeingia bila kuaga.

Mambo yalianza siku kikosi kilipoondoka. Ofisa ustawi aliwakusanya wake wa askari kwenye bwalo akawaeleza kwamba kuna watu wanapiga simu kwenye kota, wengine wanajidai wa benki, wengine wa shule, wengine wa bima, na wote wanataka kitu kimoja: kujua askari wako wapi na wanarudi lini. Akawaambia, ukiulizwa na sauti usiyoijua, mume wako hayupo, humjui aliko, mazungumzo yamekwisha. Wanawake wakaenda nyumbani na kila mmoja akajitungia lake. Jirani wa upande wa kulia alisema wake ni dereva wa lori la mkaa. Mwingine alisema wameachana, na akalisema kwa furaha iliyowatia wenzake wasiwasi.

Yeye alichagua kifo. Alikuwa amegundua kwamba ukimwambia mtu mume wako amefariki, mtu huyo anaona haya, anatoa pole, anakata simu. Hakuna jibu lingine linalofunga mdomo wa mwenzako vizuri kiasi hicho. Kwenye bomba la maji wenzake walimcheka hadi wakamwaga ndoo, wakampa cheo cha Mjane wa Kikosi, naye akakipokea kwa saluti. Kwa hiyo siku ile sauti nyororo ya mwanamke ilipompigia ikijitambulisha kuwa ya bima, ikauliza kama mwenye bima anaishi na familia, alijibu kama alivyozoea. Sauti ile ikampa pole nyingi. Ikasema atajulishwa kuhusu mafao ya wafiwa. Alipokata simu alicheka peke yake jikoni, akaendelea kukaanga vitunguu.

Hakujua, na nani angemweleza, kwamba bima ile yote inaning'inia kwa mtu mmoja. Mke na watoto wameandikwa chini ya namba ya askari, na namba hiyo ikifungwa, wote wamefungwa nayo. Ipo bima nyingine ya wajane na yatima, nzuri tu, lakini haifunguliwi mpaka kikosi kithibitishe kifo. Na kikosi kitathibitisha vipi kifo kilichotokea jikoni, kwenye simu? Ndiyo maana familia yake ilikuwa imekwama katikati, wala si ya askari aliye hai wala si ya aliyekufa.

Ilimbidi amweleze wifi yake hayo yote pale sakafuni, kwa haraka na kwa sauti ya chini. Alipofika mwisho, wifi akainua uso.

"Umemuua mdogo wangu kwa mdomo wako," alisema. "Na sasa unamuua na mtoto wake."

Mama alitamani yule mwanamke apige kelele, amrukie, lolote, kuliko sauti ile ya taratibu. Nyuma yao Chiriku akatapika, muuguzi akaja mbio na beseni, akamgusa mtoto tumbo, kisha akawatazama wale watu wazima wawili kwa namna ya kuuliza mnangoja nini.

Mama akamrudia karani. Alimwambia apige bima, apige sasa hivi, na kama hataki kupiga ampe hiyo simu apige mwenyewe. Lazima kulikuwa na kitu usoni mwake, maana kwa mara ya kwanza karani alimwangalia. Akapiga. Akaeleza, akasikiliza, akapitisha mkono wa simu chini ya kioo.

Ilikuwa sauti ileile nyororo, sema safari hii haikuwa na pole. Ilimweleza kwamba kwa dharura bima inaweza kufunguliwa, kikosi kikaulizwa baadaye, lakini aliyetoa taarifa ya kifo ndiye lazima aifute kwa kinywa chake mwenyewe, na mazungumzo yanarekodiwa. Ikionekana amedanganya, gharama yote itakuwa juu yake, na kesi pia.

"Umeelewa, mama?"

"Nimeelewa."

"Mwenye bima yuko hai?"

Swali dogo kabisa, na jibu lake neno moja. Lakini mume wake hakuwa amepiga simu tangu mvua zilipoanza, na sasa mvua zilikuwa zimekwisha. Juma lililopita uvumi ulipita kota nzima kwamba gari la kikosi limekanyaga kitu barabarani. Wengine walisema hakuna aliyeumia, wengine walinyamaza walipomwona anakaribia. Siku zote hizo usiku alikuwa anakesha, asubuhi anajipa moyo, anachemsha uji, anasuka nywele za watoto. Hakujua. Huo ndio ulikuwa ukweli wenyewe, hakujua. Na mara ya mwisho alipozungumzia uhai wa mume wake kwenye simu bila kufikiri, tazama yaliyomfika.

"Yuko hai," akasema.

"Mlizungumza lini mara ya mwisho?"

"Zamani kidogo."

"Yuko wapi sasa?"

Hata hapo, mtoto akiwa anatapika nyuma yake, mafunzo ya bwaloni yalimshika ulimi. "Siwezi kukwambia aliko."

"Mama, nisaidie nikusaidie. Hujaongea naye, huwezi kusema aliko. Unajuaje kwamba yuko hai?"

Wifi alikuwa ameinuka sakafuni, amesimama karibu sana, anasikia kila kitu. Mama akafumba macho.

"Gari halijaja," akasema. "Wakifa, gari linakuja. Linaingia polepole mpaka mlangoni, na sisi wote wa kota tunalijua kwa mngurumo, hata watoto wanalijua. Mimi silali nalisikiliza hilo gari. Kwangu halijaja. Basi mume wangu yuko hai, na mimi ndiye niliyesema uongo ule, mnifunge mimi. Lakini mtoto wangu mpasueni."

Alisikia vidole vikichapa, vikaacha, vikachapa tena. Yule mwanamke akasema amefungua kwa dharura, na kwamba anapeleka swali kikosini saa hii. Hakuaga. Karani alitazama mashine yake, akatoa jojo mdomoni, akainua mkono kumwashiria muuguzi, na kitanda cha magurudumu kikaja upesi kuliko alivyowahi kuona kitu chochote kikija hospitalini. Chiriku alishika kidole cha mama yake hadi kwenye milango miwili ya chumba cha upasuaji. Pale wakawatenganisha.

Wakakaa kwenye benchi, yeye na wifi, nafasi ya mtu mmoja katikati yao. Sasa hofu ya mama ilikuwa imegawanyika mara mbili, moja nyuma ya milango ile na nyingine huko mbali ambako mtu wa mawasiliano alikuwa akiita jina la mume wake kwenye redio na kungoja aitikiwe. Alijuta kuulizisha. Kabla ya leo angeweza kuendelea kutojua. Sasa jibu lilikuwa njiani, na alikuwa amelitaka mwenyewe. Kila mtu aliyepita na simu sikioni alimkata maini.

Karani akamwita. Mkono wa simu ulikuwa umeshapitishwa chini ya kioo, unamngoja. Alitembea mpaka pale, akaushika, akauweka sikioni.

"Mama," ile sauti ikasema, na haikuwa tena ya kazini, ilikuwa ya mwanamke tu. "Kikosi kimempata. Wamemwambia mtoto wake anapasuliwa. Anauliza ni mtoto yupi."

Mashavu ya mama yalikuwa yameshalowa, na kifua kinapanda na kushuka bila idhini yake. Wifi akaja, akaunyakua mkono wa simu kutoka mkononi mwake.

"Mwambieni ni Chiriku," wifi akasema. "Na mwambieni dada yake yuko hapa na mkewe."